Jinsi ya Kuwa Mwaloni Mtukufu: Mwongozo kwa Mche Wenye Tamaa

Mche mpendwa,

Nimesikia umeshatoa majani manne na tayari umeanza kuulizia habari za ukubwa: mialoni gani iliabudiwa, ipi iliwekewa uzio, na wewe upite njia ipi ufike huko. Nakupongeza kwa bidii, ila ujue mapema kuwa kazi hii haina usawa. Ukoo wenu una spishi zaidi ya 400, kuanzia Ulaya na Asia hadi Marekani na ukanda wa kaskazini wa Afrika, na wengi wenu huishia kuwa sakafu, mapipa ya mvinyo na makaa. Wachache tu hupanda cheo. Nao hawakukipata kwa urefu wala kwa unene, bali kwa kutimiza masharti ambayo nakupa hapa bila malipo.

La kwanza: usiwe na manufaa mengi. Utazame mgrivea. Waingereza waliubandika jina la mwaloni wa fedha, ingawa ulitoka Australia na hauna udugu wowote nanyi. Nenda Kericho au kwenye miteremko ya Kilimanjaro ukauone: umesimama kwenye chai na kahawa ukitoa kivuli na kukinga upepo, kisha uzeeni unapasuliwa mbao, na vijiti vinavyobaki vinapikia ugali. Utumishi wote huo, na hajatokea hata mzee mmoja wa kuvua viatu mbele yake. Wewe, ambaye hujawahi kuota huko, unajulikana na kila aliyepita shule ya Jumapili. Ibrahimu alipokea wageni wake penye mialoni ya Mamre. Yakobo alifukia miungu migeni chini ya mwaloni wa Shekemu. Absalomu alinaswa kichwa katika matawi yako akabaki ananing'inia, nyumbu wake akaenda zake. Katika visa vyote vitatu wewe ulisimama tu. Shikilia hapo hapo, usije ukaanza kujituma.

Ukishajifunza kusimama, jitahidi upigwe na radi. Najua inauma, lakini hakuna njia ya mkato. Bahati nzuri maumbile yanakusaidia: unarefuka, unapenda kukaa peke yako katikati ya uwanda, na ndani umejaa maji. Radi ikipita, maji hayo hugeuka mvuke kwa kufumba na kufumbua, na gome lako hutupwa mbali vipande vipande. Watu wa kale waliyaona hayo na kila taifa likafikia uamuzi wake. Wagiriki walikukabidhi kwa Zeus, Warumi kwa Jupiter, Wajerumani kwa Donar, Waslavi kwa Perun, Walithuania kwa Perkūnas. Wote hao ni miungu ya ngurumo. Walikubaliana kwamba mungu anayekutandika kuliko miti mingine ndiye anayekupenda kuliko miti mingine. Usiwaulize mantiki. Chukua cheo, unyamaze.

Ukinusurika, unaruhusiwa kufungua ofisi ya ushauri. Mfano wa kuigwa ni ndugu yako wa Dodona, kaskazini-magharibi mwa Ugiriki, aliyefanya kazi ya kuagulia watu kwa karne nyingi bila kutamka neno. Makuhani wa kike wa hapo walimsimulia mwanahistoria Herodotus kwamba njiwa wawili weusi waliruka kutoka Thebe ya Misri. Mmoja akaenda Libya, wa pili akatua kwenye mwaloni wa Dodona na kusema kwa sauti ya binadamu kwamba hapo pawe mahali pa uaguzi wa Zeus. Herodotus, mtu wa kuulizauliza, alihisi kuwa njiwa huyo alikuwa mwanamke wa Kimisri aliyeuzwa utumwani, na kwamba wenyeji walimwita ndege kwa sababu lugha yake waliisikia kama mlio wa ndege. Kwa hadithi yoyote kati ya hizo mbili, uganga wako ulitoka Afrika. Ukishatajirika usisahau kwenu.

Ofisi ya Dodona ilikuwa na watumishi wa kipekee. Mshairi Homer anawataja Waselloi, wafasiri wa Zeus, waliolala chini na kutoosha miguu. Sijui ni nani aliyeona kuwa miguu michafu inaongeza usikivu, lakini wateja hawakupungua. Walikuja na vibati vyembamba vya risasi, wakakwaruza maswali yao na kuvikunja, na wanaakiolojia wamevifukua kwa maelfu. Hapo ndipo utajua kazi hasa uliyoiomba. Wewe unadhani watakujia wafalme kuuliza hatima ya vita. Wapo, ila foleni imejaa akina Agis, aliyepoteza mablanketi na mito na kutaka Zeus amwambie kama aliyeiba ni mtu wa nje. Yupo pia Lysanias, anayeuliza kama mimba aliyoibeba Annyla ni yake. Zaidi ya miaka elfu mbili imepita, Annyla amekwisha kuwa udongo, na shaka ya Lysanias bado iko kwenye kabati la makumbusho kila mtu aisome. Wengine wanauliza kama waoe, kama wasafiri, kama wafanye biashara ya baharini.

Utajibuje? Usijibu. Chakarisha majani. Upepo ukivuma, wafasiri watatoka na jawabu. Jawabu likiwa sawa, sifa ni zako. Likiwa kosa, mteja alielewa vibaya. Na usiogope kustaafu, kwa maana inasimuliwa kuwa Athena alichukua ubao wa mwaloni wa Dodona akaupachika kwenye gubeti ya Argo, jahazi la Jason, na ubao huo uliendelea kutoa maelekezo safarini. Kama wakurugenzi wengi, uliacha ofisi lakini haukuacha kushauri.

Sasa suala la mavazi. Mwaloni mtupu ni mti tu, unahitaji kirukia. Najua ni mdusi: anakaa juu yako, anazamisha mizizi kwenye tawi lako na kunywa maji yako. Mvumilie. Plinio Mkubwa, Mrumi wa karne ya 1, aliandika kuwa Wadruidi, makuhani wa Gallia, hawakuwa na kitu kitakatifu kuliko kirukia na mti uliokibeba, mradi mti huo uwe mwaloni. Kwenye mitofaa kirukia ni cha kumwaga. Kwenye mwaloni ni nadra sana, na kwa hiyo ndipo kilipokuwa na thamani. Siku ya sita ya mwezi mwandamo, kuhani aliyevaa nguo nyeupe alipanda mti akakikata kwa mundu wa dhahabu, wenzake wakakidaka chini kwa shuka jeupe, kisha mafahali wawili weupe wakachinjwa. Dawa yake ilisemekana kuponya mifugo tasa na kuondoa sumu zote.

Mwenye shaka atauliza mundu wa dhahabu, madini laini kiasi hicho, unakataje kijiti kigumu. Atakumbusha pia kuwa kirukia chenyewe kina sumu. Mjibu kwamba Wadruidi hawakuandika mafundisho yao, kwa hiyo hawawezi kukanusha, na kwamba picha ya kuhani mwenye mundu inapendeza mno kuachwa kwa sababu ndogo kama hizo.

Nakuja kwenye sharti lililo juu ya yote kwa faida, nalo ni kumficha mkubwa aliyefilisika. Kwa hili soma kwa makini maisha ya mwaloni wa Boscobel, Uingereza. Tarehe 3 Septemba 1651 majeshi ya Bunge chini ya Cromwell yalimshinda Mfalme Charles wa Pili huko Worcester. Kijana huyo wa miaka 21, mrefu wa kuonekana kutoka mbali, alikata nywele, akavaa nguo za mkulima na viatu vilivyombana vidole, akakimbilia msituni. Tarehe 6 alipanda mwaloni pamoja na ofisa wake mmoja aliyeitwa Careless, wakiwa na mkate, jibini na bia hafifu. Askari wakapita chini wakipekua vichaka. Juu ya mti mfalme, aliyekuwa hajalala usingizi wa maana kwa siku kadhaa, alisinzia kichwa chake kikiwa kimeulalia mkono wa Careless. Mkono ukafa ganzi. Careless hakuweza kumwita kwa sauti, kwa sababu chini wapo wenye bunduki, wala hakuweza kumwachia, kwa sababu mfalme angeanguka kama embe. Inasimuliwa kuwa alifanya jambo ambalo siku nyingine lingemponza: alimfinya mfalme mpaka akaamka.

Zingatia kilichoupa mti huo sifa ya kazi. Charles mwenyewe, alipomsimulia mwandishi wa shajara Samuel Pepys kisa hiki mwaka 1680, alieleza kuwa mwaloni huo ulikuwa umekatwa matawi miaka mitatu minne nyuma, ukachipua upya na kusongamana hata mtu asiweze kuona ndani. Aliyeyakata matawi hayo ndiye aliyeokoa ufalme wa Uingereza. Jina lake halikuandikwa popote, na siku ya mapumziko ilipewa mti.

Malipo yalikuwa makubwa. Charles alirudi London tarehe 29 Mei 1660, siku yake ya kuzaliwa, na Bunge likaifanya sikukuu ya kila mwaka. Raia walivaa vijani vya mwaloni, na huko vijijini asiyevaa aliweza kuchapwa kwa majani yanayowasha. Sikukuu ilidumu kisheria mpaka 1859. Mamia ya baa za Uingereza zimeitwa Royal Oak, na manowari kadhaa zikapewa jina hilo hilo. Ya mwisho kati yake ilizamishwa na nyambizi ya Kijerumani huko Scapa Flow tarehe 14 Oktoba 1939, na zaidi ya mabaharia 800 walikufa, kwa hiyo usije ukamwambia mtu kwamba jina lako ni kinga.

Na mti wenyewe? Wananchi wenye upendo walikuja na visu. Huyu akakata kitawi cha kumbukumbu, yule akabandua gome la kutengenezea kisanduku, hadi mwaloni ukafa. Unaoonyeshwa leo pale Boscobel unadhaniwa kuwa mtoto wake. Jeshi la Cromwell halikuugusa, ukaangamizwa na shukrani.

Charles huyo huyo aliipa koloni ya Connecticut, huko Marekani, hati ya kujitawala mwaka 1662. Mdogo wake James alipoupata ufalme alimtuma Edmund Andros aende kuipokonya. Hadithi inasema kuwa usiku wa mkutano wa Hartford, mwaka 1687, hati ilikuwa mezani, mishumaa ikazimika ghafla, na ilipowashwa tena meza ilikuwa tupu. Joseph Wadsworth alikuwa amekwisha kuitia kwenye uwazi wa mwaloni. Unaona jinsi ukoo wa kifalme ulivyoitumia mialoni kwa zamu: mmoja ulimficha mfalme asikamatwe, mwingine ukaficha karatasi asiipate mfalme. Mwaloni wa Hartford ulianguka kwa dhoruba tarehe 21 Agosti 1856, na vikaanza kuchongwa viti, fremu, fimbo na vitu vya kila namna kutokana na mbao zake. Mwandishi Mark Twain, aliyekaa mjini humo, aliwatania wenyeji kuhusu wingi wa vitu hivyo, ambao haungeweza kutoka katika mti mmoja. Hiyo nayo ni dalili ya utukufu: ukifa, kuni zako ziongezeke.

Lazima nikwambie kuhusu mashoka. Zamani mwaloni mtakatifu ulikuwa na bima. Mshairi wa Kirumi Ovid anasimulia habari za Erysichthon, aliyeukata mwaloni wa mungu wa mavuno, mti ukatoka damu, naye akatiwa njaa isiyoshiba. Akala mali yote, akamuuza binti yake, akaishia kujitafuna mwenyewe. Bima hiyo ilikufa karibu mwaka 723 huko Geismar, Ujerumani. Mmisionari Bonifasi alisimama mbele ya mwaloni wa Donar akiwa na shoka, na wapagani wakakaa kando kungoja radi imchome. Radi haikuja. Willibald, aliyeandika maisha yake, anadai kuwa Bonifasi alikuwa ameanza kuuchanja tu ndipo upepo kutoka juu ukauangusha, ukapasuka vipande vinne vya urefu sawa, kana kwamba mbinguni wana futi kamba. Bonifasi akajenga kanisa dogo kwa mbao hizo. Jambo la kukumbuka ni kwamba mungu wa radi hukupiga wewe, hampigi adui yako.

Kwa hiyo badala ya kutegemea ulinzi wa juu, tafuta jirani mwenye akili na kibao. Katika kijiji cha Allouville-Bellefosse, Normandia, kuna mwaloni uliobaki mtupu ndani, na mwaka 1669 padri akautia kanisa dogo tumboni. Baadaye kikaongezwa chumba cha pili juu, na ngazi ya mbao ikauzunguka mti kukifikia. Mapinduzi ya Ufaransa yalipofika, kundi la watu lilikuja na mioto kuuteketeza, kwa kuwa ulikuwa nyumba ya mapadri. Mwenyeji mmoja alikuwa amekwisha kupigilia mlangoni kibao kilichosema kwamba hilo ni hekalu la Akili, kulingana na dini mpya ya serikali. Wakasoma, wakaridhika, wakarudi kwao. Mapinduzi yakapita, kibao kikatoka, na misa ikarudi. Leo gome lilipotoka mti umezibwa kwa vigae vya mbao, na nguzo zinaushikilia usilale. Sioni mwaloni wa Ulaya wenye busara ya kisiasa kuushinda.

Ukitaka kuwa ishara ya taifa, weka mrithi. Wabaski wa Gernika, Hispania, ambako watawala wa Bizkaia waliapa chini ya mwaloni kuheshimu haki za wenyeji, hawana mzaha na jambo hili. Mti uliopandwa 1742 ulipokauka, gogo lake lilihifadhiwa chini ya paa lenye nguzo, na mwingine ukapandwa 1860. Huo ulinusurika mabomu ya ndege za Kijerumani na Kiitaliano tarehe 26 Aprili 1937, mji ukiteketea kandokando yake. Ulikufa 2004. Mrithi wake wa 2005 hakupatana na unyevu wa mahali hapo, na 2015 akaletwa mwingine. Wote ni uzao wa mti mmoja, na kiapo hakiulizi nani yupo zamu.

Ila usidhani utachagua waajiri. Kwenye Olimpiki ya Berlin ya 1936 kila aliyepata dhahabu alipewa mche wa mwaloni kwenye chungu, ishara ya nguvu ya Ujerumani. Jesse Owens, Mmarekani mweusi aliyewaharibia wenyeji nadharia yao, aliondoka na vyungu vinne. Mwaka uliofuata SS, kikosi cha Wanazi, walifyeka msitu wa mlima Ettersberg, karibu na Weimar, wajenge kambi ya mateso ya Buchenwald. Mwaloni mmoja hawakuuangusha, na wafungwa wakauita mwaloni wa Goethe, kwa sababu mshairi huyo alipenda kutembea mlimani hapo. Ulikaa kati ya mabanda huku zaidi ya watu 50,000 wakifa katika kambi hiyo. Uliungua kwa mabomu tarehe 24 Agosti 1944, na kisiki kipo mpaka leo. Hapa mwongozo wangu hauna mzaha wa kukupa. Mti unaokubali kuashiria chochote huashiria chochote.

Tuseme umefika uzeeni salama. Jiandae kwa magongo. Mwaloni mkubwa wa Sherwood, ule unaohusishwa na Robin Hood, umeegemezwa kwa nguzo, na uzio unazuia watalii kwa sababu nyayo zao zilishindilia udongo hata mizizi ikakosa maji. Hukadiriwa kuwa na umri wa miaka 800 hadi 1,000, maana yake ni kwamba kama Robin Hood alikuwepo kweli, na kama alijificha ndani yake, alijificha kwenye mti mwembamba. Huko Hebron, mwaloni uliouzwa kwa Warusi mwaka 1868 kama wa Ibrahimu mwenyewe ulifungamanishwa na utabiri kuwa ukifa, Mpinga Kristo yu karibu. Shina lilitangazwa kuwa limekufa 1996, chipukizi likatoka mzizini 1998, kisha 2019 shina likaanguka. Waumini wanaliangalia chipukizi kwa umakini mkubwa.

Kama baada ya haya yote bado unataka kazi, ipo moja tu ninayoweza kukuombea kwa moyo mweupe. Katika msitu wa Dodau, karibu na Eutin, kaskazini mwa Ujerumani, kuna mwaloni wenye tundu mita tatu kutoka chini. Binti wa bwana misitu na mtengeneza chokoleti wa Leipzig waliachiana barua humo kwa siri, baba mtu akiwa amekataa katakata. Mzee alilegea, na tarehe 2 Juni 1891 wakaoana chini ya mti huo. Habari zikasambaa, barua za wageni zikamiminika, na mwaka 1927 posta ikaupa mwaloni anwani yake na ngazi. Mpeleka barua hupanda na kuzitumbukiza. Yeyote apitaye anaruhusiwa kupanda, kufungua na kusoma. Anayoipenda huichukua akaijibu, nyingine huzirudisha tunduni. Hakuna radi, hakuna kuhani, hakuna anayeapa. Ndoa zipatazo mia zimetokea hapo, ikiwemo ya mpeleka barua mmoja aliyeandikiwa na mwanamke aliyemwona kwenye televisheni.

Nawe msomaji usiye mti, kama umechoka kutafutiwa mchumba na mashangazi, anwani ni hii: Bräutigamseiche, Dodauer Forst, 23701 Eutin, Ujerumani. Andika kwa Kijerumani au Kiingereza, bandika stempu ya nje, na weka picha ya karibuni.